Mtuhumiwa Aliyeketi: Mapumziko katika Fasihi Yetu na Kisa cha Kiti cha Uvivu

Utangulizi

Mwisho wa muhula uliopita nilipanda basi hapa Iringa kwenda nyumbani Mbeya nikiwa na azma moja tu: kupumzika. Nilikuwa na ratiba kabisa, imeandikwa nyuma ya daftari la Semantiki. Siku ya kwanza, kulala mpaka saa tatu asubuhi. Siku ya pili, kusoma riwaya bila kalamu mkononi. Siku ya tatu, kukaa tu. Neno "tu" nililipigia mstari.

Siku hiyo ya kwanza, saa kumi na mbili na nusu asubuhi, mama aligonga dirisha. Hakukasirika wala hakunituma. Aliuliza kwa sauti ya huruma: "Mwanangu, unaumwa?" Nikajibu siumwi. Akanyamaza kidogo. Halafu: "Basi mbona umelala?" Kufikia saa moja nilikuwa shambani navuna maharage, na ratiba yangu ilikuwa imekwisha kabla haijaanza. Wenzangu niliowasimulia, mmoja wa Mafinga na mwingine wa Tukuyu, walicheka, kisha wakakiri kwamba kwao ni yaleyale.

Makala hii inajaribu kuonyesha kwamba katika fasihi yetu ya Kiswahili mtu anayepumzika huingia jukwaani kama mtuhumiwa, na kwamba sisi wahakiki tumekuwa tukimhukumu bila kumsikiliza. Tutaanza na kisa kimoja cha mdomo cha huku Nyanda za Juu Kusini, kisha tutaitazama lugha yenyewe ya mapumziko. Baadaye tutaingia katika vitabu ambavyo sote tumevisoma, na mwisho tutajadili kufaulu na kutofaulu, kwa kisa na kwa uhakiki wetu.

Kisa chenyewe

Katika safari hiyohiyo, kati ya Makambako na Igawa, basi letu lilipata pancha. Abiria tukashuka, tukajikunyata kando ya barabara kwa ajili ya upepo. Mzee mmoja aliyekuwa akirudi Rungwe akaanza kutuchangamsha. Nakieleza kisa chake kwa ufupi, kadiri ninavyokumbuka.

Mtu mmoja alifanya kazi ya ukarani mjini miaka thelathini na mitano. Alipostaafu alirudi kijijini na vitu vitatu: mke wake, redio, na kiti cha uvivu, kile cha turubai kinachokunjwa. Akajiapiza kwamba hatashika kazi tena maishani. Asubuhi ya kwanza akakitandaza kiti chini ya mgomba, akanyoosha miguu. Jirani akapita na jembe begani.

"Ugonile?"

"Nimelala salama."

Jirani akamtazama miguu, akamtazama uso, akaenda zake. Jioni akarudi na mkewe wamebeba ndizi. "Pole sana, jirani. Imeanza lini?"

"Nini?"

"Hiyo hali."

Siku ya pili walikuja sita. Walileta maziwa ya mgando, wakakaa, wakazungumza habari za mvua na bei ya chai mpaka jua likazama. Kila aliyeondoka alimvuta mke kando: "Msimfiche ndani. Mpelekeni hospitali." Siku ya tatu ikaja kwaya. Waliimba, na mchungaji akamwombea ndugu yetu ambaye Bwana amemlaza kitini. Mstaafu alipofumbua macho aliona watu arobaini uani, na mmoja wao alikuwa anampima kwa jicho, toka utosini hadi kwenye vidole vya miguu. Alikuwa fundi seremala.

Siku ya nne alfajiri mstaafu alionekana shambani, analima kama kijana. Kijiji kizima kikashangilia: "Amepona!"

Abiria tulicheka mpaka utingo akatusahau. Mzee akangoja kicheko kiishe, ndipo akaongeza sentensi moja: "Na toka siku hiyo hakuna mtu aliyefika tena kumtembelea." Hapo tulicheka wachache, tena kwa kuchelewa.

Fani ya kisa

Kwa upande wa muundo, kisa hiki kinafuata ngazi ya ngano zetu: tukio linajirudia, na kila likijirudia linapanda. Jirani mmoja, watu sita, watu arobaini. Takriri hii ndiyo inayobeba kichekesho, kwa sababu mhusika mkuu hafanyi lolote. Amekaa. Ni nadra kupata hadithi ambayo shujaa wake hatendi kitu toka mwanzo mpaka karibu na mwisho, na bado msikilizaji anataka kujua kitatokea nini.

Pili, kisa kimeficha methali tumboni. Sote tunaijua: mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Mstaafu amerudi kwao, lakini baada ya miaka thelathini na mitano yeye ni mgeni, na kijiji kinampokea kama mgeni. Muda wake unapokwisha hakuna anayempa jembe. Analifuata mwenyewe. Msimulizi hakuitaja methali hata mara moja, na huo ndio ustadi wake. Angeitaja, tungepata funzo na kupoteza kicheko.

Tatu, kuna jina la kifaa. Kiti cha uvivu! Hilo si tusi la wanakijiji. Ni jina lake la kawaida katika Kiswahili. Kitanda, ambacho watu hukilalia usiku mzima, hakuna anayekiita kitanda cha uvivu. Lakini kiti kilichotengenezwa ili mtu apumzike mchana kimezaliwa na mashtaka katika jina. Mstaafu alishapatikana na hatia dukani alipokinunua.

Lugha ya pwani, baridi ya Makambako

Jambo hili la majina linatulazimisha tuitazame lugha yetu kwa karibu zaidi. Kiswahili kina utajiri wa maneno ya mapumziko, lakini mengi yalizaliwa kwenye joto. Kuburudika ni kupata ubaridi. Neno hilo ni ndugu wa baridi. Kupunga upepo ni kutoka nje jioni ili ngozi ipoe. Kubarizi kunataka baraza, na baraza linataka nyumba ya pwani yenye kivuli, na watu wanaopita.

Sasa chukua maneno hayo uyapandishe mpaka Makambako mwezi Julai. Nani anakwenda kupunga upepo Makambako? Upepo wenyewe unakupunga wewe! Mtu wa Njombe au wa Mufindi hapumziki kwa kupoa. Anapumzika kwa kupata moto: anakaa jikoni, anaota moto, anapiga soga huku mahindi yanachomwa. Au, msimu wa mvua, mianzi inapogemwa, anakwenda kilabuni kunywa ulanzi kati ya watu, ambako joto linatokana na kubanana. Katika insha zetu za shule za msingi tuliandika kwamba Jumapili tulikwenda kupunga upepo, na mwalimu akatupa alama. Hakuna aliyeandika kwamba Jumapili aliota moto. Tulijifunza kupumzika kwa lugha ya watu wanaotokwa na jasho, na huenda ndiyo sababu mapumziko yetu wenyewe hatukuyaona kuwa mapumziko. Kuota moto ni kuota moto, basi.

Vijana wa sasa wamejaribu kurekebisha. Wana msemo wa kula bata, yaani kustarehe. Msemo ni mtamu, lakini tangu lini mtu akala bata bila kumkimbiza kwanza? Jumapili moja tulipanda Gangilonga, lile jiwe kubwa juu ya mji wa Iringa ambalo kwa Kihehe jina lake ni jiwe linaloongea. Tulikwenda kula bata. Nusu saa tulitafuta mahali penye mwanga mzuri wa picha. Nusu saa nyingine tulitafuta mtandao wa kuzituma. Mmoja alipigiwa simu na mjomba aliyetaka kujua mbona anaonekana yuko likizo ilhali jana aliomba hela ya kuchapisha kazi ya kozi. Jua likazama nyuma yetu. Tulishuka tumechoka kuliko tulivyopanda, na jiwe halikupata nafasi ya kuongea.

Mashtaka katika vitabu

Tuje sasa kwenye fasihi andishi, na tuanze na andiko ambalo si la kubuni lakini limeathiri maandishi ya kubuni kuliko jingine lolote: Azimio la Arusha la 1967. Katika sehemu yake inayohusu kazi, Azimio linasema wanawake wa vijijini hufanya kazi kuliko mtu mwingine yeyote, kisha linawageukia wanaume wa vijijini na kuwafananisha na watu walio likizoni kwa nusu ya maisha yao. Nguvu zao, linasema, zinapotelea katika porojo, ngoma na pombe. Hoja hiyo ilikuwa na ukweli mchungu, na tutairudia. Hapa tuone tu kwamba mambo matatu ambayo mwanakijiji angeyataja kama raha yake yaliwekwa katika safu ya hasara.

Mji wetu huu una sehemu katika historia hiyo. Ni hapa Iringa, Mei 1972, ambapo TANU ilipitisha Azimio la Siasa ni Kilimo. Miaka kumi na mmoja baadaye, mwaka 1983, ikaja sheria ya Nguvu Kazi, na mtu aliyeonekana amekaa mjini mchana alitakiwa aeleze kazi yake. Kukaa kukawa jambo la kujitetea.

Waandishi wetu walikulia katika hewa hiyo. Katika tamthilia ya Ngoswe ya marehemu Edwin Semzaba, karani wa kuhesabu watu anatumwa kijijini, ananaswa na penzi la Mazoea, na makaratasi ya sensa yanaishia motoni. Hukumu imeandikwa kwenye jalada: penzi ni kitovu cha uzembe. Nilipokuwa kidato cha tatu niliandika katika insha kwamba msomaji anamwonea Ngoswe wivu kidogo, kwa kuwa yeye peke yake katika kitabu ndiye anayeonekana kufurahi. Mwalimu alipiga mstari mwekundu akaandika: "Taja madhara." Nikayataja matano, nikapata alama zangu. Lakini darasa zima, tuliposoma kwa sauti, lilichangamka pale Ngoswe alipokuwa anazembea.

Kwa marehemu Euphrase Kezilahabi mambo ni mazito zaidi. Mhusika mkuu wa Kichwamaji (1974) ni mwanafunzi wa chuo kikuu aliye likizoni, kama mimi na ratiba yangu. Na jina lake nani? Kazimoto! Mwandishi amempeleka likizo mtu ambaye jina lake halimruhusu. Mahali pa kupumzikia hapamkubali, mawazo hayamwachi, na mwisho wake anajiua. Wahakiki wameandika mengi juu ya falsafa ya riwaya hii na kukata tamaa kwake. Sijaona waliouliza swali dogo: je, sehemu ya msiba wa Kazimoto si kwamba msomi wa kijiji hana tena njia ya kukaa na watu bila kazi maalumu? Hawezi kulima nao, na kuzungumza nao hajui tena.

Katika Dunia Uwanja wa Fujo (1975) mwandishi huyohuyo anatupa Tumaini, anayetapanya urithi wake kwa starehe. Tumezoea kuisoma sehemu hiyo kama onyo. Lakini tazama mpangilio wa matukio. Kwenye starehe Tumaini anafilisika tu. Ni baada ya kutulia, kulima na kuwa na shamba kubwa ndipo anapogongana na dola, anamuua kiongozi wa wilaya na kuhukumiwa kunyongwa. Riwaya haisemi kwamba starehe huua na kazi huokoa. Inasema jambo gumu zaidi kuliko madokezo yetu ya mtihani.

Na msomaji wa Iringa hawezi kuusoma mwisho huo bila kukumbuka Isimani. Tukio hili nalitaja bila utani. Tarehe 25 Desemba 1971, siku ya Krismasi, Mkuu wa Mkoa wa Iringa, Dkt. Wilbert Klerruu, alikwenda Isimani na kumkuta mkulima Saidi Mwamwindi shambani kwake. Palitokea ubishi, Mwamwindi akampiga risasi akafa, naye baadaye akahukumiwa kunyongwa. Chanzo chake kilikuwa siasa ya ardhi na ujamaa, si sikukuu. Hata hivyo siku ile inatisha ukiitazama kwa swali letu: mmoja alikuwa analima, mwingine alikuwa anakagua kilimo. Siku ambayo kalenda iliwaruhusu wote wawili wakae, hakuna aliyekaa.

Ukwangala, na aliyechemsha chai

Je, jamii zetu hazikuwa na njia ya kupumzika isiyo na mashtaka? Zilikuwa nayo. Mwanaanthropolojia Monica Wilson, aliyefanya utafiti Rungwe miaka ya 1930 pamoja na mumewe Godfrey, alikipa kitabu chake cha 1951 juu ya Wanyakyusa jina la Good Company. Kichwa hicho ni jaribio la kutafsiri neno moja la Kinyakyusa: ukwangala. Ukwangala ni kufurahia kuwa pamoja, kula, kunywa na kuzungumza na wenzako, hasa wa rika lako. Vijana wa rika moja walijenga kijiji chao wenyewe, na kukaa pamoja kulihesabiwa kuwa shule: mtu hujifunza adabu na hekima kwa kuzungumza na wenzake. Asiyejua ukwangala alionekana mtu wa kutiliwa shaka.

Hapo mambo yamegeuka. Kwenye Azimio porojo ni upotevu. Kwenye ukwangala porojo ni elimu. Na hapo pia kisa cha mzee wa Rungwe kinafunguka. Mstaafu alitaka kupumzika peke yake, kwa mtindo alioujua mjini: mtu, kiti, redio. Kijiji hakikuwa na jina la kitu hicho ila ugonjwa. Lakini angalia kilichotokea siku ya pili: watu sita walikaa naye mpaka magharibi, wakala na kuzungumza. Hayo ndiyo mapumziko! Aliyapata, tena bure, kwa jina la kujuliwa hali. Alipokimbilia jembe ili aachwe kwa amani, akaachwa kweli. Sentensi ya mwisho ya mzee, ile tuliyoichelewa, ndiyo dhamira yenyewe: hakupoteza kiti, alipoteza watu.

Lakini hatuwezi kuishia hapo kwa kusifu mila, kwa sababu kisa kina mtu wa tatu ambaye hakuna aliyemcheka wala kumhurumia. Watu arobaini walikaa uani siku ya tatu. Nani alichemsha chai? Mke wa mstaafu ametajwa mwanzoni kama kitu kimojawapo kati ya vitatu, pamoja na redio na kiti. Tena huvutwa kando kuambiwa. Yeye mwenyewe hasemi neno. Alistaafu lini? Hapa Azimio lilikuwa sahihi kuliko wengi wetu: ukwangala wa wanaume umesimama juu ya mikono ya wanawake, na hata kilabuni pombe haijipiki. Mhakiki anayetaka kutetea mapumziko bila kuuliza swali hili anatetea likizo ya watu wachache.

Kufaulu na kutofaulu

Kisa kimefaulu kwa fani: ni kifupi, hakihubiri, na kinamwachia msikilizaji nusu ya kazi. Kimefaulu kimaudhui kwa kuonyesha kwamba mgogoro wa mapumziko si kati ya mvivu na mchapakazi bali kati ya namna mbili za kukaa, ya peke yako na ya pamoja. Hakikufaulu kwa mhusika wa kike, ambaye amebaki kuwa pambo la uani.

Uhakiki wetu, kwa upande wake, umefaulu kuorodhesha madhara ya starehe: ulevi, uzembe, umalaya, kurudi nyuma kwa maendeleo. Orodha hiyo tunaweza kuiandika tukiwa usingizini, na pengine ndivyo tunavyoiandika. Haukufaulu kusikia kicheko. Msomaji anapofurahi pamoja na Ngoswe, furaha hiyo ni sehemu ya maana ya tamthilia. Mwandishi ameiweka pale kwa makusudi ili hukumu iume. Mhakiki anayeruka moja kwa moja hadi kwenye madhara ameisoma hukumu bila kesi.

Hitimisho

Napendekeza mambo mawili. Kwanza, tunapofundisha na kujibu maswali ya fasihi, tuyahesabu mapumziko kuwa maudhui kamili: nani anakaa, na nani, kwa gharama ya nani, na mtunzi anamtazama kwa jicho gani. Pili, wenzetu wa kozi ya fasihi simulizi wavikusanye visa vya aina hii, vya vilabuni, vya magarini, vya kuota moto, kabla simu hazijatumaliza. Na wawasikilize zaidi wanawake, ambao visa vyao juu ya wanaume waliokaa najua ni vikali kuliko hiki.

Kuhusu ratiba yangu, siku ya tatu ilifika. Jioni nilimkuta mama jikoni. Alisema, "Ngoja nipumzike kidogo," akakaa karibu na moto, akavuta ungo wa maharage akaanza kuchambua. Nilikaa upande wa pili, nikachambua naye. Alinisimulia habari za ujana wake Uyole ambazo sijawahi kuzisikia, mpaka moto ukafifia. Hakuniuliza kama naumwa. Mimi nilipumzika sana. Kama yeye alipumzika, sijui, kwa sababu mikono yake haikusimama hata mara moja, na sikukumbuka kumuuliza.